Fedha Iliyolipwa kwa Makosa: Habari ya Hundi ya Dola 24 na Senti 20



Leo nataka kuzungumza nanyi habari za fedha iliyolipwa kwa makosa. Yaani fedha iliyotoka katika Hazina ya Serikali au katika benki, ikaenda kwa mtu asiyestahili, au ikazidi kiasi chake, au ikapotea njiani kabla ya kumfikia mwenyewe. Najua jambo hili laonekana kavu, na huenda wengine wakasema kwamba ni kazi ya makarani na mawakili. Walakini siku hizi ni shida kuiona nyumba isiyo na mtu alipwaye na Serikali au kwa njia ya benki. Kama si mwalimu ni mzee wa pensheni. Kama si mzee wa pensheni ni mkulima auzaye pamba au kahawa yake kwa chama, au kibarua wa barabara. Basi kosa la kalamu likitokea ofisini, kilio chake husikika kijijini.

Sababu yangu ya kulichagua jambo hili ni kijana mmoja niliyemfundisha chuoni kwetu. Alipopata kazi ya ualimu, karani aliyenakili namba ya hesabu yake ya benki aligeuza tarakimu mbili: palipopasa kuandikwa 47 akaandika 74. Mishahara miwili ikaingia katika hesabu ya mtu mwingine kabisa. Kijana akaenda ofisini, akaambiwa, "Fedha yako imekwisha kutoka, nenda benki." Akaenda benki, akaambiwa, "Sisi tumeiweka palipoandikwa, rudi ofisini." Safari hiyo aliifanya mara kumi na moja, akikopa nauli. Mwisho akaja kwangu jioni moja, akaketi barazani, akaniuliza, "Mwalimu, kosa si langu. Benki nayo imefanya kama ilivyoagizwa. Na huyo aliyepokea hakuiba, aliletewa tu. Basi hasara hii ni ya nani?"

Swali hilo halina jibu la upesi. Mahakama kubwa za dunia zimelijadili kwa muda wa zaidi ya miaka mia mbili, na majaji hawakukubaliana sikuzote. Sikumjibu siku ile. Nilimpa kwanza habari ya hundi moja ya Marekani, maana ndani yake mna Serikali, benki, duka, kibarua na mwizi, wote katika karatasi moja ndogo. Habari hiyo ndiyo nitakayowapa ninyi pia, kisha nitarudi kwa kijana wangu.

Katika miaka ya 1930 Marekani iliingiwa na shida kubwa ya kukosa kazi. Viwanda vilifungwa, mabenki yakaanguka, na watu wenye nguvu zao walikaa bure. Mwaka 1935 Rais Franklin Roosevelt alianzisha idara iliyoitwa Works Progress Administration, ambayo kazi yake ilikuwa kuwapa watu vibarua vya kujenga barabara, madaraja, shule na viwanja. Idara hiyo iliendelea mpaka mwaka 1943, na watu waliopata kuajiriwa nayo walikuwa mamilioni. Hao walilipwa kwa hundi za Serikali.

Kwa wale wasiopata kushika hundi mkononi, nieleze kidogo. Hundi si fedha. Ni barua fupi ya amri. Mwenye fedha humwandikia yule anayemwekea, akisema, "Mlipe fulani kiasi hiki." Hundi za vibarua wale zilikuwa amri kwa Mweka Hazina wa Marekani. Sasa kibarua hawezi kusafiri mpaka kwenye Hazina kwa ajili ya ujira wa siku chache. Kwa hiyo hutia sahihi yake nyuma ya hundi, akampa mwenye duka au benki ya mjini kwake, akapewa fedha. Yule aliyeipokea naye huitia sahihi chini ya ile ya kwanza, akaipitisha mbele, na wa tatu hali kadhalika, hata hundi ifike penye fedha. Kila atiaye sahihi au mhuri wake hapo huwa kama mchukuzi apokeaye mzigo kwa mwenzake. Na hasa benki ikiandika ya kwamba inadhamini sahihi zilizoitangulia, maana yake ni hii: "Ikionekana baadaye kwamba moja ya sahihi hizo ni ya uongo, nidaini mimi." Yashikeni sana maneno hayo, maana shauri lote limesimama juu yake.

Tarehe 28 Aprili 1936 iliandikwa hundi ya dola 24 na senti 20 katika jimbo la Pennsylvania, kwa jina la kibarua mmoja wa idara ile. Ilikuwa ujira wake. Ikatiwa katika posta. Kibarua hakuiona. Jinsi ilivyopotea hapana ajuaye mpaka leo. Lakini mtu mmoja asiyejulikana alionekana nayo katika mji wa Clearfield, katika duka la kampuni ya J. C. Penney. Akajifanya kuwa ndiye kibarua aliyetajwa, akawaridhisha watumishi wa duka kwa maneno yake, akaandika jina la mwenzake nyuma ya hundi, akapewa bidhaa na fedha taslimu. Akaenda zake.

Duka likaipeleka hundi kwa benki ya mji ule, iliyoitwa Clearfield Trust Company. Benki ikaigonga mhuri wa kudhamini sahihi zote zilizotangulia, ikaipeleka kwa Federal Reserve Bank ya Philadelphia, na kwa njia hiyo Hazina ya Serikali ikalipa. Duka halikujua wala kushuku neno; benki nayo haikujua. Kwa vitabu vya Serikali kibarua alikuwa amekwisha kulipwa. Kwa mfuko wa kibarua hakuna kilichoingia.

Angalieni sasa tarehe. Kufikia tarehe 10 Mei 1936, yaani hata wiki mbili hazijapita, kibarua alikuwa amekwisha kuwaambia nyapara wake na mwandika saa za kazi kwamba hundi yake haikufika. Alifanya vema, na upesi. Habari ikapanda kutoka kwa nyapara mpaka kwa wakubwa, kama habari za ofisi zipandavyo. Tarehe 30 Novemba mwaka ule ule kibarua alitoa kiapo cha maandishi kwamba sahihi ile haikuwa yake. Na benki je? Benki iliambiwa mara ya kwanza tarehe 12 Januari 1937, miezi minane baada ya kibarua kusema. Nayo Serikali haikudai kurudishiwa fedha mpaka tarehe 31 Agosti 1937. Duka na benki wakakataa kulipa. Mwaka 1939 Serikali ya Marekani ikaishtaki benki ile kwa ajili ya dola 24 na senti 20, na kampuni ya J. C. Penney ikaingia katika kesi upande wa wadaiwa.

Nadhani baadhi yenu mnacheka. Serikali kubwa namna ile, kushtaki kwa fedha isiyotosha kulipia wakili wa siku moja! Lakini Serikali haikuwa ikiitafuta hundi ile moja. Hundi zake zilitawanyika katika kila jimbo, nyingi mno, na katika wingi huo hazikosi kuwapo za kuibwa na za kughushiwa. Neno litakaloamuliwa juu ya hii moja ndilo litakalozishika zote. Hata huku kwetu mzee hukataa kuachia shina moja la mnazi, si kwa nazi zake, ila kwa mpaka wa shamba.

Mahakama ya kwanza iliipa benki ushindi. Ilisema kwamba shauri hili liamuliwe kwa sheria ya jimbo la Pennsylvania, na kwa sheria ya jimbo hilo mtu aliyegundua kwamba sahihi imeghushiwa yampasa kutoa habari bila kukawia. Serikali imekawia kupita kiasi, basi haki yake imezimika. Serikali ikakata rufani, na mahakama ya rufani ikaipindua hukumu ile. Benki nayo ikaenda mbele, mpaka Mahakama ya Juu kabisa ya Marekani. Tarehe 1 Machi 1943, katikati ya vita kuu, Jaji William Douglas alisoma hukumu: Serikali imeshinda.

Mahakama iliamua mambo mawili. La kwanza ni juu ya sheria itumikayo. Majaji walisema ya kwamba Serikali ya nchi nzima ikitoa hundi zake inatumia mamlaka iliyopewa na Katiba, na hundi hizo huenda huko na huko; moja huandikwa jimbo hili, ikauzwa jimbo la pili, ikalipwa la tatu. Kama kila jimbo litakuwa na kanuni yake, haki na wajibu wa Serikali vitabadilika kila hundi ivukapo mto. Kwa hiyo kanuni iwe moja kwa nchi nzima. Neno hili limewapa kazi wanasheria wa Marekani tangu siku ile mpaka leo, lakini sisi tusikae juu yake.

La pili ndilo lililonishika mimi. Je, kukawia kwa Serikali kuliondoa haki yake? Mahakama ilikubali kwamba Serikali ikiwa mlipaji wa hundi iko sawasawa na mlipaji mwingine yeyote, haina cheo cha kujifichia. Lakini ikasema hivi: haki ya kumdai aliyetoa dhamana huanza pale pale fedha ilipolipwa kwa makosa, wala kutoa habari upesi si sharti la kufungua kesi. Kukawia kutamfaa mdaiwa endapo tu ataonyesha wazi kwamba kukawia kule kumempa hasara. Si kusema tu, "Mmechelewa." Aseme, "Mmechelewa, na kwa kuchelewa kwenu mimi nimepoteza kitu hiki."

Hapo ndipo duka lilipotoa ushuhuda wake. Ilikubaliwa mahakamani kwamba hundi mbaya ikirudishwa dukani muda mfupi baada ya kupokelewa, mara nyingi watumishi huweza kumpata mtu aliyeileta. Na ilikubaliwa pia kwamba habari ya hundi hii ilipofika dukani, hapana mtumishi hata mmoja aliyeweza kukumbuka neno lolote juu ya hundi ile wala mtu yule. Mahakama ikasema, hilo halitoshi. Laonyesha ya kuwa habari ikifika upesi yamkini mwizi hushikwa upesi. Halionyeshi kwamba mwizi huyu angalishikwa. Kulikubali ni sawa na kusema ya kwamba kukawia peke yake kwatosha. Tena benki yenyewe haikuonyesha kwamba imezuiwa kulidai duka.

Nilipoisoma hukumu hiyo mara ya kwanza sikuipenda, na sioni haya kusema. Kibarua alisema katika siku chache; ofisi ilikaa na neno lake miezi minane; kumbukumbu za watumishi wa duka zikafa katika miezi hiyo; kisha duka linaambiwa lithibitishe kwamba kumbukumbu zilizokufa zingalikuwa na faida. Mtu atathibitishaje jambo asilolikumbuka? Lakini nilipofikiri zaidi niliona upande wa pili. Katika mlolongo wote ule, ni nani aliyemwona mwizi uso kwa uso? Si Hazina, si benki. Ni duka. Duka peke yake ndilo lililoweza kumwuliza maswali zaidi au kukataa kumpa bidhaa. Likaridhika, likapokea. Basi hasara ikirudi nyuma mkono kwa mkono, kutoka Hazina kwenda benki na kutoka benki kwenda dukani, inamfuata aliyekuwa na nafasi ya kuizuia. Nakubali sasa kwamba kanuni ni nzuri. Nasema tu kwamba ofisi ile haikustahili kusifiwa.

Na inaonekana Bunge la Marekani nalo lilikuja kuona kwamba si vizuri madai ya namna hii yakae bila mwisho. Mwaka 1987 lilitunga sheria kuwa mtu akitaka kudai fedha ya hundi ya Hazina adai ndani ya mwaka mmoja tangu hundi ilipotolewa, na Serikali nayo ikitaka kumshtaki mtu aliyetia sahihi nyuma ya hundi, imshtaki ndani ya mwaka mmoja tangu hundi ilipoletwa ilipwe, ikiongezewa miaka mitatu kama ilikwisha kumpa habari ya dai kwa maandishi katika mwaka huo. Pigeni hesabu wenyewe. Hundi ya Aprili 1936, dai la Agosti 1937, kesi ya mwaka 1939: kama sheria hiyo ingalikuwapo, huenda Serikali ingalifika mahakamani mlango umekwisha kufungwa.

Kabla sijaiacha hundi hii, yafaa mwanafunzi asichanganye uongo wa namna mbili. Katika hundi ya Clearfield iliyoghushiwa ilikuwa sahihi ya mpokeaji, nyuma. Sahihi ya mtoaji, mbele, ilikuwa ya kweli. Mambo huwa mengine ikiwa iliyoghushiwa ni ile ya mbele. Mwaka 1762 huko Uingereza mtu aitwaye Price alilipa hati mbili za fedha, paundi 40 kila moja, akidhani zimetolewa na mtu wanayefanya naye biashara. Kumbe zilighushiwa. Alipomshtaki Neal, aliyekuwa amezipokea kwa nia njema na kulipwa, Jaji Mkuu Lord Mansfield alimkatalia. Alisema ilikuwa kazi ya Price mwenyewe kujua mwandiko wa mtu wake kabla ya kulipa. Kwa hiyo benki ikilipa hundi yenye sahihi ya uongo ya mteja wake, kwa kawaida haimrudii mpokeaji mwema. Yenyewe ndiyo iliyowekwa kuijua sahihi hiyo.

Sasa turudi kwetu. Msidhani kwamba mambo haya ni ya ng'ambo tu. Mwaka 1841 mahakama ya Uingereza iliamua kesi ya Kelly na Solari. Kampuni ya bima ilimlipa mjane fedha ya bima ya mumewe, hali ada ya mwisho haikulipwa na bima ilikuwa imekufa; wakuu wa kampuni walijua jambo hilo hapo awali, kisha wakalisahau. Majaji walisema kwamba aliyelipa kwa kudanganyika na mambo yalivyo aweza kudai fedha yake, hata kama alikuwa mzembe, maadamu hakukusudia kulipa liwalo na liwe. Kanuni ya namna hiyo iliandikwa katika Sheria ya Mikataba ya Bara Hindi ya mwaka 1872, na sheria hiyo ya Bara Hindi ililetwa kutumika Afrika ya Mashariki wakati wa ukoloni. Tanganyika ilipotunga sheria yake ya mikataba mwaka 1961 iliihifadhi. Hata leo, katika Sheria ya Mikataba ya Tanzania, kifungu cha 72 chasema kwamba mtu aliyelipwa fedha au kupewa kitu kwa makosa, au kwa kushurutishwa, lazima akirudishe. Maneno ni machache, na hayaulizi ni nani aliyekosea.

Hapo watumishi wengi wa Serikali hujidanganya. Mtu akiona mshahara umezidi husema, "Kosa ni lao, mimi sikuomba." Ni kweli hukuomba, lakini si yako. Tena fedha ya Serikali ina ulinzi wa pili. Baraza la Rufani la London lilitoa hukumu katika shauri la kutoka New Zealand, la Halmashauri ya Bandari ya Auckland, kwamba fedha iliyotolewa katika mfuko mkuu wa nchi bila idhini ya Bunge yaweza kudaiwa na kurudishwa kwa Hazina, hata kama ofisa aliyeilipa aliilipa kwa hiari yake. Ofisa hawezi kugawa kisicho chake.

Lakini je, mpokeaji mwema hana kinga yoyote? Anayo, ingawa ni nyembamba. Uingereza mwaka 1991 Baraza la Malodi lilikubali kwamba mtu aliyepokea kwa nia njema, kisha kwa sababu ya fedha hiyo akaigeuza hali yake hata ikawa ni dhuluma kumtoza, asitozwe kwa kadiri hiyo. Wala haitoshi kusema, "Nimekwisha kuitumia." Kama aliitumia kununua alichokuwa atakinunua kwa vyovyote, au kama thamani yake bado iko mikononi mwake, deni lipo. Mwaona jinsi neno hili linavyofanana na lile la Clearfield: hapa na pale swali ni moja, ni hasara gani iliyompata mtu asiye na kosa.

Basi mtu afanyeje? Mimi si wakili, na penye fedha nyingi mtafuteni wakili. Lakini njia ya mwanzo kila mwenye kusoma aweza kuishika. Kwanza, andika. Maneno ya dirishani hayana tarehe. Kama kibarua wa Pennsylvania asingalikuwa na mwandika saa za kazi wa kumwambia, sijui ni nini kingalithibitisha kwamba alisema mapema. Andika barua kwa mwajiri na barua kwa benki. Taja kiasi, siku, namba iliyo sahihi na namba iliyoandikwa. Peleka nakala mbili, moja igongwe mhuri wa kupokelewa urudi nayo. Benki isipokuridhisha, Benki Kuu ya Tanzania hupokea malalamiko ya wateja wa mabenki. Na ikiwa mdaiwa wako ni Serikali yenyewe, usikimbilie mahakamani asubuhi yake. Sheria ya Tanzania yataka kwanza utoe taarifa ya maandishi ya siku zisizopungua 90 kwa wizara au idara husika, ukieleza madai yako, na nakala umpelekee Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Kesi iliyofunguliwa bila taarifa hiyo hutupwa, hata kama haki yako ni nyeupe kama pamba. Nimewaona watu waliopoteza mwaka mzima kwa kutojua hilo.

Kijana wangu nilimwambia, "Mwanangu, wewe huna shauri na aliyepokea fedha, wala humjui. Wewe unamdai mwajiri. Mtu akimlipa asiye mdai wake hajalipa deni." Tukaandika barua usiku ule, kwa taa, yeye akisema na mimi nikisahihisha, maana alitaka kuingiza ndani yake matusi ya safari kumi na moja zote. Nikamwambia, andika tarehe za safari hizo, zatosha. Asubuhi akaipeleka, na nakala akaipeleka benki. Baada ya wiki tatu hapakuwa na jibu. Akaandika ya pili, akasema ndani yake kwamba hiyo ndiyo taarifa yake ya siku 90, nakala kwa Mwanasheria Mkuu. Siku ya ishirini na sita aliitwa ofisini, akaonyeshwa namba yake, akaulizwa kama ni sahihi. Mwezi ule alilipwa wa mwezi ule pamoja na ile miwili iliyopotea.

Baadaye ilijulikana kwamba mwenye hesabu ya 74 alikuwa mzee wa kijiji cha mbali, ambaye mwanawe hufanya kazi mjini na humletea fedha pasipo kutoa habari. Alidhani ni ya mwanawe. Alikuwa amekwisha kununua mabati ya nyumba. Benki ilipomwandikia, alikwenda na fundi wake na stakabadhi za mabati, akawaambia, "Mngaliniambia mwezi ule ule, fedha mngaliikuta nzima. Mmenijia nyumba imekwisha kuezekwa." Nao walijua kwamba asemayo ni kweli, maana mafaili yalionyesha ni lini kijana alipofika dirishani kwao mara ya kwanza. Lakini mabati yalikuwa juu ya nyumba yake, yakimkinga mvua, na mzee mwenyewe hakukana. Alisema hataki kulalia mshahara wa mtoto wa mwenziwe. Wakapatana alipe kidogo kidogo kila avunapo ufuta, bila riba. Fungu la mwisho alilipeleka kwa mkono wake mwenyewe. Karani alipomwambia kwamba yamekwisha, aende zake, mzee alibaki amesimama pale dirishani mpaka akapewa karatasi yenye mhuri, akaisoma polepole, namba kwa namba, akaikunja, akaitia katika mfuko wa kanzu.